Tuitwapo Mahakamani, Tufike

Wahenga walisema kwamba asiyekuwapo na lake halipo. Methali hii hutajwa aghalabu watu wanapogawana nyama, na aliyechelewa akakuta sinia tupu huambiwa maneno hayo akanyamaza. Lakini hatujui mahali ambapo methali hii hutimizwa kwa ukali kama mahakamani. Huko asiyekuwapo hakosi nyama tu. Yaweza kuwa amekosa shamba la baba yake, au fidia ya jeraha lake, au amempa nafasi mwizi aliyemkamata kwa jasho lake mwenyewe atoke mlangoni bila hata kuulizwa alikoipata mali ya watu.

Leo tunataka kuzungumza na ndugu zetu askari wa jeshi na wa polisi wa Uganda juu ya kesi zinazotupwa kwa sababu upande mmoja haukufika. Tumewachagua wao kwa sababu askari huhusika na jambo hili kwa njia tatu. Kwanza, yeye ni mpelelezi na shahidi katika kesi za jinai. Pili, yeye ni mwananchi kama wengine, mwenye shamba, mirathi na madeni, na hivyo huwa mdai au mdaiwa. Tatu, na tuseme kweli, mara nyingine yeye mwenyewe ndiye mshtakiwa. Katika hali zote tatu, kazi yake humweka mbali na mahakama siku ile ile anayotakiwa awepo.

Asubuhi moja tulikaa katika benchi la nyuma la mahakama moja ya wilaya. Kijana mmoja aliletwa kutoka mahabusu, akishtakiwa kwa wizi wa pikipiki. Karani alilitaja jina la shahidi, kisha askari wa zamu akatoka mlangoni na kuliita mara tatu kwa sauti kuu. Hakuna aliyeitika. Shahidi huyo alikuwa konstebo aliyemkamata kijana huyo usiku akiwa na pikipiki yenyewe. Hakimu alimwuliza mwendesha mashtaka kama anayo sababu ya shahidi wake kutofika. Mwendesha mashtaka alifunua faili, akafunua tena, akasema kwamba hana habari. Hiyo ilikuwa mara ya nne kesi hiyo kukwama kwa sababu ile ile. Hakimu aliandika kwa muda mfupi, kisha akatamka kwamba mashtaka yametupwa na mshtakiwa yu huru.

Mwenye pikipiki alikuwa amekaa mbele yetu. Alikuwa mzee mmoja mwenye koti lililochakaa, ambaye pikipiki hiyo ndiyo iliyokuwa ikilipa karo ya wajukuu wake. Yeye alikuwa amefika mara zote nne, na alikwisha kutoa ushahidi wake. Tulipotoka nje alituuliza swali moja tu: “Mimi nilikosa wapi?” Hatukuwa na jibu la kumpa. Baadaye tulisikia kwamba konstebo yule alikuwa amehamishiwa wilaya nyingine miezi mingi nyuma, na kwamba hati za kumwita zilikuwa zikipelekwa kwenye kituo chake cha zamani, zikakusanyika kwenye msumari ukutani pamoja na karatasi nyingine zisizokuwa na mwenyewe. Konstebo hakuwa mkaidi. Hakuna aliyemwambia.

Watu wengi wakisikia kisa kama hiki humlaumu hakimu, na mitaani huanza kusemwa kwamba amekula kitu. Sisi hatukubaliani na lawama hiyo ya harakaharaka. Sheria inayohusu mahakama za mahakimu humpa hakimu uwezo wa kuyatupa mashtaka ikiwa mshtakiwa amefika na anayemshtaki hakufika, isipokuwa hakimu akiona ipo sababu ya kuiahirisha kesi. Uwezo huo haukuwekwa kwa ajili ya wezi. Uliwekwa kwa ajili ya mtu yeyote anayeshikwa, kwa maana siku anapofikishwa mbele ya hakimu hakuna ajuaye bado kama ni mwizi au ni jirani aliyesingiziwa. Katiba yetu ya 1995, katika kifungu cha 28, inasema kwamba kila mshtakiwa huhesabiwa hana hatia mpaka athibitishwe kuwa nayo au mwenyewe akiri, tena inampa haki ya kusikilizwa upesi. Kifungu cha 126 nacho kinaziamuru mahakama zisicheleweshe haki, na ziitende kwa watu wote bila kujali cheo wala mali.

Basi tujiulize, ndugu askari: kama wewe au mwanao ungeshikwa kwa uongo wa mtu mwenye chuki, ungependa uletwe mahakamani mara ngapi kabla ya aliyekushitaki kujitokeza? Mara nne? Mara kumi? Hakuna mtu ambaye angekubali kukaa mahabusu mwaka mzima akingoja shahidi asiyejulikana aliko. Kanuni inayomwachilia mwizi kwa sababu ya uzembe wetu ndiyo hiyo hiyo inayomwokoa asiye na hatia kutoka mikononi mwa wachongezi. Hatuwezi kuomba ifutwe siku inapotuudhi na kuitaka siku inapotufaa.

Kwa hiyo lawama haiendi kwa hakimu. Inakwenda kwetu sisi tulioacha kiti cha shahidi kitupu. Tena tukumbuke maneno yale tuliyoyataja: isipokuwa akiona ipo sababu ya kuiahirisha. Maana yake ni kwamba hakimu hashurutishwi kuitupa kesi kila mara shahidi asipoonekana. Akiambiwa kwamba shahidi yu mgonjwa hospitalini, au yumo katika operesheni na atarudi baada ya majuma mawili, mara nyingi ataahirisha. Asichoweza kukivumilia ni ukimya. Barua fupi yenye muhuri, au simu moja kwa mwendesha mashtaka siku iliyotangulia, ingeweza kuiokoa kesi ya mzee yule. Na hata pale ambapo sheria inaruhusu mashtaka yafunguliwe upya, nani atamtafuta kijana huyo aliko? Na mzee yule atatoa wapi nauli ya mara ya tano?

Tumeyasema hayo juu ya jinai. Sasa tuingie katika kesi za madai, kwa sababu ndizo zinazowaumiza askari wenyewe kimyakimya.

Sheria yetu ya mwenendo wa kesi za madai ni ya 1929, na kanuni zake nyingi zilitokana na zile za India za 1908, ambazo Waingereza walizisambaza katika nchi zetu hizi za Afrika Mashariki. Katika kanuni hizo, Amri ya 9 ndiyo inayoeleza nini hutokea mtu asipofika. Inafaa kila askari aielewe, maana si ngumu.

Ikiwa siku ya kusikilizwa imefika na pande zote mbili hazikuja, mahakama yaweza kuitupa kesi. Lakini hapo mlango haujafungwa kabisa, maana mdai anaweza kufungua kesi mpya, ikiwa muda uliowekwa na sheria haujapita, au kuomba ile ya kwanza irudishwe. Ikiwa mdai amekuja na mdaiwa hakuja, ingawa aliitwa sawasawa, mahakama yaweza kumsikiliza mdai peke yake na kutoa hukumu. Na ikiwa mdaiwa amekuja na mdai hakuja, hapo ndipo penye hatari kubwa kuliko zote. Kanuni ya 22 inasema kesi itatupwa, isipokuwa kama mdaiwa mwenyewe anakiri dai au sehemu yake. Kanuni ya 23 inaongeza kwamba mdai aliyetupiliwa kesi yake namna hiyo hawezi kufungua kesi nyingine juu ya jambo hilo hilo. Njia pekee iliyobaki kwake ni kurudi mahakama ile ile, kuomba amri hiyo iondolewe, na kuthibitisha kwamba alikuwa na sababu ya kutosha ya kutofika.

Tuchukue mfano wa askari wetu mmoja, tusimtaje jina kwa kuwa walio kama yeye ni wengi. Baba yake amefariki akaacha shamba. Jirani amesogeza mpaka, amekata miti ya mpaka na kupanda migomba yake. Askari amechukua likizo, amefungua kesi, amelipa ada, akarudi kikosini. Halafu amri imekuja: kikosi kinakwenda ng'ambo. Tangu Machi 2007, majeshi yetu yalipoingia Mogadishu katika kikosi cha Umoja wa Afrika, maelfu ya vijana wetu wamepokea amri kama hiyo. Jina la kikosi hicho limebadilika mwaka 2022 na tena mwaka 2025, lakini safari ni ile ile, na askari aliye huko hawezi kupanda basi Jumatatu ili awe mahakamani Jumanne.

Siku ya kesi jirani anafika, amevaa suti, ana wakili. Jina la askari linaitwa mlangoni mara tatu. Kesi inatupwa. Jirani anarudi kijijini akiwaambia watu kwamba ameshinda. Hakuna shahidi aliyesikilizwa, wala hakuna mtu aliyekwenda kuukagua mpaka, lakini kijijini ushindi ni ushindi. Mama mzee anaambiwa aache kulima upande ule. Askari anapata habari kwa simu akiwa kwenye handaki, mbali na nyumbani, na tangu siku hiyo moyo wake hauko tena kwenye lindo.

Je, ndiyo mwisho wake? La hasha. Mwaka 1967, katika kesi ya Shah na Mbogo, Mahakama Kuu ya Kenya ilieleza msingi ambao mahakama za Afrika Mashariki zimeufuata hata leo. Ilisema, kwa ufupi, kwamba uwezo wa kuondoa amri iliyotolewa upande mmoja umekusudiwa kuzuia dhuluma au taabu inayotokana na ajali, kughafilika, au kosa linalosameheka. Na kwamba haukukusudiwa kumsaidia mtu ambaye kwa makusudi anakwepa au kuchelewesha haki. Katiba yetu nayo, katika kifungu kile cha 126, inataka mahakama zitazame kiini cha haki bila kuzidisha mno uzito wa taratibu. Askari aliyekuwa zamu nchi ya mbali kwa amri ya taifa lake hana haja ya kuona haya kuomba. Hakukwepa kitu.

Ila aombe bila kuchelewa, tena aombe kwa ushahidi. Hakimu haoni kambi wala handaki. Yeye huona karatasi. Barua ya kamanda yenye tarehe ya kuondoka na tarehe ya kurudi itamfaa zaidi kuliko hotuba ndefu juu ya uzalendo. Kinyume chake, askari akirudi mwezi wa tatu, akakaa nyumbani akinywa na rafiki, kisha akaenda mahakamani mwezi wa kumi na moja kulalamika, asishangae akiulizwa alikuwa wapi miezi hiyo yote. Ajizi ni nyumba ya njaa. Na ajue pia kwamba hata akikubaliwa, mahakama yaweza kumwamuru amlipe mwenzake gharama za siku ile iliyopotea.

Kuna hatari nyingine ambayo wengi hawaijui. Zamani kesi ya madai ingeweza kulala bila hatua yoyote kwa miaka 2 kabla ya kutupwa. Kanuni zilirekebishwa mwaka 2019, na sasa baada ya kikao cha kupanga kesi, ikipita miezi 6 bila upande wowote kuchukua hatua, kesi hufa yenyewe. Miezi 6 ni muda mfupi kwa askari. Kozi moja na operesheni moja hummaliza. Wale waliozoea kusema “kesi yangu iko mahakamani” kana kwamba wameweka gunia la mahindi ghalani, wafahamu kwamba gunia hilo lina panya.

Basi afanyeje askari anayejua kwamba huenda akaondoka wakati wowote? Sheria haikumsahau. Inamruhusu ateue wakili, na inamruhusu pia kumpa ndugu anayemwamini hati ya uwakala ili afike mahakamani kwa niaba yake. Hati hiyo iandikwe, ishuhudiwe, na isajiliwe kama inavyotakiwa. Lakini tunaonya kwa mambo mawili. Kwanza, wakala hawezi kukusemea yale uliyoyaona kwa macho yako mwenyewe. Siku ya ushahidi wako bado utatakiwa wewe, na ni heri tarehe hiyo iombwe mapema wakati wa likizo yako. Pili, kumlipa wakili si kumaliza kazi. Wapo mawakili waaminifu, na wapo wenye kesi nyingi kuliko siku za juma. Mwulize tarehe, andika tarehe, na ikifika mwulize kilichotokea. Aliyesema kwamba mali bila daftari hupotea bila habari hakuwa akisema juu ya maduka peke yake.

Sasa tufike kwenye njia ya tatu, ile isiyopendwa kutajwa. Askari aliyeshtakiwa mbele ya mahakama ya kiraia, akapewa dhamana, naye asirudi, hatupiwi kesi. Yeye hutolewa waranti. Katiba haimpi mtu nafasi ya kuikimbia hukumu kwa kujificha: kesi haisikilizwi bila yeye kuwapo, isipokuwa kwa ridhaa yake au kwa kuivuruga mwenyewe, kwa hiyo hutafutwa mpaka apatikane. Wakati huo wadhamini wake, ambao aghalabu ni wenzake wa kambi moja au shemeji zake, huitwa waeleze kwa nini wasilipe fedha waliyoahidi. Aibu ya namna hiyo hubaki katika ukoo hata baada ya deni kulipwa. Na mkuu wa kikosi anayemficha askari wake ili asifike mbele ya hakimu hajengi umoja wa jeshi. Anafundisha vijana kwamba magwanda ni ngao dhidi ya sheria, na somo hilo likiota mizizi hung'olewa kwa shida.

Tunajua majibu yatakayotolewa. Yapo ambayo ni ya haki, na tuyapime.

Wako watakaosema kwamba kazi ya taifa hutangulia, na kwamba mtu hawezi kuacha lindo akaenda kukaa kwenye benchi la mahakama tangu asubuhi mpaka saa tisa, kisha aambiwe arudi mwezi ujao. Sisi tunauliza: kutoa ushahidi ni kazi ya nani, kama si ya taifa? Kifungu cha 212 cha Katiba kinawapa polisi kazi ya kulinda maisha na mali, kutunza amani, na kuzuia na kugundua uhalifu. Mwizi aliyegunduliwa kisha akaachiliwa kwa kukosa shahidi hakuzuiwa, amefundishwa. Na kifungu cha 208 kinataka jeshi liwe la kizalendo, lenye nidhamu, na lililo chini ya mamlaka ya kiraia. Hati ya mahakama ni sauti ya mamlaka hiyo. Askari anayeipuuza ameasi amri, hata kama hakuna aliyempigia kelele kwenye gwaride.

Wako watakaosema kwamba mahakama hutumia Kiingereza, na askari aliyezoea Kiswahili cha kambini huona haya kusimama akababaika mbele ya watu. Jambo hili ni kweli, na tunalisikitikia. Lakini Katiba inampa mshtakiwa asiyeielewa lugha ya mahakama mkalimani bila malipo, na shahidi naye asiogope kuomba atafsiriwe. Tangu marekebisho ya Katiba ya 2005, Kiswahili ni lugha rasmi ya pili ya nchi hii. Hakuna aibu kusema ukweli kwa lugha unayoielewa. Aibu ni kukaa kimya kwa lugha mbili.

Wako pia watakaotuambia juu ya nauli. Konstebo aliyehamishwa kutoka magharibi hadi kaskazini hawezi kulipa basi kutoka mfukoni mwake, kulala nyumba ya wageni na kurudi, kila mara kesi inapotajwa. Hoja hii tunaikubali moja kwa moja. Haifai kumlaumu mtu kwa kutofika huku tumemnyima njia ya kufika. Tunaiomba Serikali iangalie kwa moyo mwema fungu la nauli na posho ya mashahidi, hasa askari wa vyeo vya chini, na ihakikishe kwamba fungu hilo linafika kwa shahidi mwenyewe.

Lakini zipo hatua zisizohitaji fedha nyingi, na hizo hazina udhuru. Kila kituo cha polisi na kila kikosi kiwe na kitabu kimoja cha tarehe za mahakama, kinachosomwa kila Jumatatu kama kinavyosomwa kitabu cha zamu. Askari anapohamishwa, orodha ya kesi zake imfuate pamoja na barua ya uhamisho, na nakala ipelekwe kwa mwendesha mashtaka. Hati za kumwita askari aghalabu hupitia kwa mkuu wake, basi mkuu huyo aijibu siku ile ile, akisema ama “atafika” ama “hatafika kwa sababu hii, na atapatikana tarehe fulani.” Vielelezo vitunzwe na vikabidhiwe kwa maandishi, kwa maana shahidi aliyefika bila kielelezo naye ni nusu ya shahidi.

Kwa makamanda tunasema hivi: askari akija mbele yako akasema, “Afande, naomba ruhusa, nina kesi ya shamba,” usimfukuze kwa ukali. Tazama hati yake. Kama ruhusa inawezekana, mpe. Kama haiwezekani, mwandikie barua kwa hakimu saa ile ile, na umwelekeze kwenye ofisi ya sheria ya jeshi apewe mashauri. Dakika kumi za kalamu yako zinaweza kumhifadhia mama wa askari mahali pa kulima. Kamanda anayewajali watu wake namna hiyo hatahitaji kuwasukuma siku ya vita.

Kwa waheshimiwa mahakimu nao tunathubutu kusema neno, kwa adabu. Jina linapoitwa mlangoni na kukosa jibu, na faili ikaonyesha kwamba mtu huyo ni askari, ulizeni swali moja zaidi kabla ya kuandika: je, yupo mtu ajuaye aliko? Pangeni kesi za mpelelezi mmoja aliyehamishwa katika juma moja ili safari moja imalize mambo mengi. Na kwa kuwa kanuni za 2016 zilifungua njia ya kupokea ushahidi kwa sauti na picha kutoka mbali, itumieni njia hiyo pale vyombo vilipo, maana askari aliye ng'ambo anaweza kusikika bila kuacha bunduki yake. Hatuombi upendeleo. Tunaomba tu kwamba asiyefika kwa sababu ya utumishi asihesabiwe sawa na asiyefika kwa sababu ya kiburi.

Ndugu askari, watu wa vijijini hawasomi vifungu vya sheria. Wao huipima Serikali kwa yale wanayoyaona. Mwananchi aliyeibiwa, akapiga ripoti, akaona mwizi amekamatwa upesi, huisifu polisi jioni ile. Mwananchi huyo huyo akimwona mwizi sokoni baada ya miezi minane, akiwa huru kwa kuwa shahidi hakuonekana, safari nyingine hatapiga ripoti. Atawaita vijana wenye mawe na petroli. Hivyo ndivyo sheria ya mkononi inavyozaliwa, na kesho yake ni askari huyo huyo atakayetumwa kuokota maiti na kuwakamata wauaji, ambao jana walikuwa watu wema wenye subira.

Hatujui kama mzee yule wa pikipiki ataikanyaga tena ngazi ya mahakama. Tulimwona akienda zake taratibu kuelekea kituo cha basi, akiwa ameshika bahasha ya karatasi zake za umiliki, ambazo hakuna aliyezipinga tangu mwanzo. Yeye alitimiza wajibu wake mara nne. Tunamwomba kila askari asomaye maneno haya afungue mfuko wake, atazame kama hana hati iliyokunjwa humo, aisome tarehe, na siku hiyo afike. Na akishindwa kufika, aseme mapema.